Televisheni ya Dijitali na Vilima vya Kagera

Usiku wa tarehe 31 Desemba 2012 mitambo ya kurushia matangazo ya televisheni kwa mfumo wa analojia ilizimwa katika Jiji la Dar es Salaam. Miezi iliyofuata ikazimwa pia Dodoma, Tanga, Mwanza, Arusha, Moshi na Mbeya. Miji iliyosalia ilifuata kwa awamu, na kufikia mwaka 2015 kazi hiyo ilikuwa imekamilika nchini. Watu wengi waliyaelewa mabadiliko hayo kuwa ni jambo la kununua chombo kipya, king'amuzi, na kukiunganisha na televisheni ya zamani. Jina la chombo hicho limechaguliwa vizuri kuliko wengi wanavyodhani. Kung'amua ni kutambua jambo lililofichika, na hiyo ndiyo kazi ya king'amuzi: kuamua, katikati ya kelele nyingi, lipi ni sifuri na lipi ni moja.

Makala hii inaeleza kilichobadilika angani siku hiyo, na kwa nini mabadiliko hayo hayakuwa na maana moja kwa mkazi wa Bukoba mjini na kwa mkazi wa bonde lililo nyuma ya kilima huko Muleba. Mkoa wa Kagera unafaa sana kwa somo hili, kwa sababu umbile la nchi yenyewe ni kama maabara.

Nchi yenyewe

Mji wa Bukoba uko ukingoni mwa Ziwa Viktoria, ambalo maji yake yako kiasi cha mita 1,134 juu ya usawa wa bahari. Nyuma ya mji nchi haipandi kwa mteremko mmoja. Inapanda kwa safu za vilima virefu vinavyoelekea kaskazini na kusini, karibu sambamba na ufuko, vyenye magenge ya mawe ya mchanga na mabonde ya majimaji katikati. Anayesafiri kutoka Bukoba kwenda Muleba huyaona magenge hayo waziwazi, hasa anapokaribia mwinuko wa Kamachumu. Juu ya safu kuna vijiji vyenye vibanja vya migomba na mibuni, na kati yake rweya, yaani nyika tupu ya majani. Mji wa Muleba uko umbali wa kilomita zipatazo 60 kusini mwa Bukoba kwa mstari ulionyooka, na wilaya yake ina visiwa pia, kikiwamo Bumbire.

Televisheni ilichelewa kufika huku. Uganda ilianza kurusha matangazo ya televisheni mwaka 1963, na Zanzibar ikawa na televisheni ya rangi mapema katika miaka ya 1970. Tanzania Bara ilisubiri hadi mwaka 1994 ilipopata vituo vya watu binafsi, na televisheni ya taifa ikaja mwaka 2000. Hivyo, wakati wa Vita vya Kagera vya 1978 hadi 1979, wananchi wa Bukoba walizipata habari za taifa lao kwa redio, ilhali ng'ambo ya mpaka televisheni ilikwisha kuwapo kwa miaka 15. Hata umeme wa kuwashia televisheni hizo zilipofika ulitoka Uganda kwa miaka mingi, kwa njia ya nyaya za kutoka Masaka hadi Kyaka.

Mawimbi na upeo

Mawimbi ya televisheni ni ya jamii moja na mwanga: husafiri kwa mwendo wa kilomita 300,000 kwa sekunde, na kwa kiasi kikubwa hufuata mstari ulionyooka. Dunia nayo ni mviringo. Kwa hiyo kila mnara una upeo wake, ambao ukipitwa mawimbi huenda juu ya kichwa cha mpokeaji. Kama hewa isingekuwapo, upeo huo kwa kilomita ungepatikana kwa kuzidisha 3.57 kwa kipeuo cha pili cha urefu wa mnara kwa mita. Hewa huyapinda mawimbi kidogo kuelekea ardhini, na kwa hali ya kawaida kizidisho huwa 4.12. Antena ya mpokeaji nayo ina upeo wake, na pea mbili hizo hujumlishwa.

Tuchukue mnara wa kubuni, wenye urefu wa mita 100, uliosimama ufukoni Bukoba. Kipeuo cha pili cha 100 ni 10, hivyo upeo wake ni kilomita 41.2. Mpokeaji mwenye antena ya mita 9 ana upeo wa kilomita 12.4. Jumla ni kilomita 53.6. Muleba, iliyo kilomita 60, haifikiwi. Mnara huo ukipandishwa mpaka mita 134 unafikia, na kwa kuwa vilima vipo, hakuna haja ya kujenga chuma chote hicho: mnara mfupi juu ya kilima unatosha. Ila kilima kile kile kinachomwinua mrushaji humkinga mpokeaji aliye nyuma ya kilima kingine. Hapa ndipo panapotokea jambo la kushangaza kidogo. Mvuvi wa Bumbire, aliyezungukwa na maji pande zote, aweza kuwa karibu zaidi na mnara wa Bukoba, kwa hesabu ya mawimbi, kuliko mkulima aliye nusu ya umbali huo lakini chini ya genge. Kati ya mvuvi na mnara hakuna kitu ila maji.

Mawimbi marefu hupinda ukingo wa kilima vizuri kuliko mafupi. Wimbi la megahezi 200, katika masafa yaitwayo VHF, lina urefu wa mita 1.5. Wimbi la megahezi 600, katika masafa ya UHF, ni nusu mita tu. Matangazo ya dijitali ya ardhini yaliwekwa zaidi katika UHF, na UHF hunyonywa pia na majani mabichi. Mgomba ni mmea wenye maji mengi. Antena iliyofungwa chini ya usawa wa migomba hupoteza sehemu ya nguvu yake hata pasipokuwapo kilima chochote, na tiba yake ni nguzo ndefu, si antena ya bei kubwa. Ifahamike pia kwamba antena haijui analojia wala dijitali. Antena ya zamani ya UHF iliyo nzima inafaa kama ile inayouzwa dukani kwa jina la “antena ya dijitali”.

Picha iliyofifia polepole

Katika mfumo wa PAL, uliotumika hapa nchini wakati wa analojia, picha iligawanywa katika mistari 625, na picha 25 zilirushwa kila sekunde. Nguvu ya wimbi ilipanda na kushuka kufuata mwanga na giza katika kila mstari. Jina analojia linatokana na hilo: wimbi lilikuwa mfano wa picha. Lolote lililoligusa wimbi njiani liliigusa picha. Kelele za umeme zilizoingia zilionekana kama chenga nyeupe zinazorukaruka.

Mwangwi nao ulionekana. Kila mstari ulichukua mikrosekunde 64, na kati ya hizo 52 zilikuwa za picha yenyewe. Katika mikrosekunde moja wimbi huenda mita 300. Basi, nyumba ikiwa na safu ya kilima kilomita 1.5 nyuma yake, wimbi lililoipita nyumba, likagonga kilima na kurudi, lilisafiri kilomita 3 zaidi na kuchelewa kwa mikrosekunde 10. Kumi kati ya 52 ni karibu moja ya tano. Kwenye kioo chenye upana wa sentimita 40, msoma habari alionekana mara mbili: yeye mwenyewe, na kivuli chake kilichosogea sentimita 7 au 8 upande wa kulia. Waliokaa mabondeni walizoea kuona watu pacha.

Jambo moja zuri la mfumo huo linasahauliwa upesi. Sauti ilirushwa kwa wimbi lake peke yake, kwa njia ya kubadili masafa badala ya nguvu, na ilichukua nafasi ndogo sana ikilinganishwa na picha. Kwa hiyo ilistahimili. Mahali ambapo picha ilikuwa chenga tupu, mara nyingi taarifa ya habari iliendelea kusikika vizuri. Mtu aliyekaa nyuma ya kilima alikuwa na televisheni mbovu na, ndani yake, redio nzuri.

Kutoka mwanga hadi tarakimu

Katika mfumo wa dijitali wimbi halifanani tena na picha. Mwanga hupimwa mara 13,500,000 kila sekunde, na rangi hupimwa kwa vipimo viwili, kila kimoja mara 6,750,000. Jumla ni vipimo milioni 27 kwa sekunde. Kila kipimo huandikwa kwa biti 8, yaani tarakimu nane za sifuri na moja, ambazo zaweza kuonyesha viwango 256. Milioni 27 zikizidishwa kwa 8 huwa biti milioni 216 kwa sekunde, kwa televisheni moja ya kawaida.

Huo ni mzigo usiobebeka. Chaneli moja ya UHF ina upana wa megahezi 8, na kwa mfumo wa DVB-T hubeba biti milioni 24 hivi kwa sekunde. Isingewezekana kurusha hata programu moja kama isingekuwapo hila ya kubana picha. Msoma habari anaposoma, ukuta ulio nyuma yake haubadiliki, na koti lake halibadiliki. Kinachotikisika ni midomo, macho na karatasi. Mashine hupeleka picha nzima mara chache, na katikati hupeleka mabadiliko tu. Hutupa pia mambo madogo ambayo jicho la binadamu haliyaoni. Kwa njia hiyo biti milioni 216 hushuka mpaka milioni 2 au 3 kwa programu ya kawaida, na chaneli iliyobeba kituo kimoja wakati wa analojia ikabeba vituo vinane au zaidi. Mpira wa miguu hubanika kwa shida, maana kila kitu kinakwenda. Ndiyo sababu uwanja wa majani huonekana wakati mwingine kama umeshonwa kwa viraka.

Genge

Namna ya kuvuka bonde yaweza kuelezwa kwa ngoma. Mtu aliye juu ya kilima akimwita mwenzake wa ng'ambo kwa sauti, maneno hupungua kadiri umbali unavyozidi. Wakiwa wamekubaliana kwamba pigo moja ni “njoo” na mapigo mawili ni “subiri”, msikilizaji hana haja ya kuusikia uzuri wa ngoma. Anachotakiwa ni kuhesabu. Ngoma hata ikisikika kwa mbali sana, ujumbe bado ni kamili. Lakini siku ambayo upepo utameza pigo moja kati ya mawili, ujumbe hautafifia. Utageuka kuwa ujumbe mwingine.

Kwa hatari hiyo wahandisi huongeza biti za ulinzi. Katika DVB-T, habari hugawanywa katika mafurushi ya baiti 188, baiti moja ikiwa biti 8. Kila furushi huongezewa baiti 16 zilizokokotolewa kutokana na hizo 188. King'amuzi kikipokea furushi lenye baiti mbovu nane, hukokotoa upya na kuzisahihisha zote nane pasipo mtazamaji kujua. Baiti ya tisa ikiharibika, furushi zima halisomeki. Upo ulinzi mwingine juu ya huo, na wote una tabia moja: hufanya kazi kwa ukamilifu mpaka kikomo fulani, kisha huacha kabisa.

Matokeo yake ni kwamba picha ya dijitali haina uzee. Kutoka mnarani hadi ukingo wa eneo lake ni safi ile ile. Kisha, katika hatua chache tu, inaganda, inapasuka vipande vya mraba, na kioo kinakuwa cheusi. Wahandisi huita mahali hapo genge, na msomaji wa Kagera hahitaji kuelezwa neno hilo. Sauti imo ndani ya mafurushi yale yale, hivyo inaanguka pamoja na picha. Yule mtu wa nyuma ya kilima, aliyekuwa akisikiliza habari katikati ya chenga, amepoteza vyote viwili kwa mara moja. Ramani za maeneo yanayofikiwa hazikuwa na rangi ya kumwonyesha, maana wakati wa analojia alihesabiwa kama mtu asiyepata picha nzuri, na wakati wa dijitali akahesabiwa vivyo hivyo.

Mwangwi uliogeuka msaada

Haki iliyo upande wa pili lazima isemwe nayo. Mwangwi, uliokuwa adui mkubwa wa mabondeni, umetiwa adabu. Badala ya kupeleka biti zote kwa wimbi moja kwa haraka sana, DVB-T huzigawa kwa mawimbi bebaji 6,817 yaliyosimama bega kwa bega ndani ya zile megahezi 8. Kila bebaji huenda taratibu, na kila alama yake hudumu mikrosekunde 896. Kabla ya kila alama huwekwa muda wa kinga, ambamo king'amuzi hungoja mwangwi wote ufike ndipo kianze kusoma. Muda huo ukiwa mikrosekunde 28, mwangwi uliosafiri kilomita 8.4 zaidi hauleti madhara. Kilima chetu cha kilomita 1.5 kimo ndani kabisa, na watu pacha wametoweka.

Muda wa kinga ukirefushwa mpaka mikrosekunde 224, hata mwangwi wa kilomita 67 hukubaliwa. Hapo jambo kubwa zaidi huwezekana. Kwa king'amuzi, mnara wa pili unaorusha programu ile ile kwa masafa yale yale ni mwangwi tu. Mtambo mdogo waweza kuwekwa juu ya safu ya vilima, ukaangaza bonde lililo nyuma yake, pasipo kutumia masafa mapya. Wakati wa analojia minara miwili ya jirani ilibidi ipewe chaneli tofauti, la sivyo ingeharibiana. Bei yake ipo: kwa kinga fupi chaneli hubeba biti milioni 24.1 kwa sekunde, kwa kinga ndefu milioni 19.9. Programu moja au mbili hutolewa sadaka ili bonde lione. Swali la kuziba mabonde ya Muleba kwa mitambo midogo, kwa hiyo, si swali la fizikia. Fizikia imekwisha kulijibu. Linalobaki ni nani atalipia mnara, barabara ya kuufikia na umeme wake.

Setilaiti ni njia nyingine. Kwa kuwa Bukoba iko karibu sana na Ikweta, setilaiti iliyo kwenye longitudo ya nyuzi 7 Mashariki huonekana nyuzi 60 hivi juu ya upeo, na hakuna kilima cha Kagera kinachoikinga. Mvua ndiyo huikinga. Bukoba hupata takriban milimita 2,000 za mvua kwa mwaka, na matone makubwa hunyonya mawimbi mafupi ya setilaiti, nalo genge huonekana katikati ya taarifa ya habari.

Mpaka na mkataba

Mawimbi hayasimami Mutukula kuonyesha hati ya kusafiria. Kwa sababu hiyo mataifa hugawana masafa kwa mikataba. Mkutano uliofanyika Geneva kuanzia tarehe 15 Mei hadi 16 Juni 2006, chini ya Shirika la Mawasiliano la Kimataifa (ITU), uliweka mpango wa dijitali kwa Ulaya, Afrika na sehemu za Asia, na kutaja tarehe 17 Juni 2015 kuwa mwisho wa kipindi cha mpito. Wengi husema kwamba mkataba uliamuru analojia izimwe siku hiyo. Haukuamuru hivyo. Ulichofanya ni kuiondolea analojia haki ya kulindwa: baada ya tarehe hiyo, mtambo wa analojia uliovurugwa na mtambo wa dijitali wa nchi jirani usingeweza kulalamika. Kwa mkoa unaopakana na Uganda, Rwanda na Burundi, tofauti hiyo ni ndogo sana. Nchi yenye ziwa wazi mbele yake, ambalo mawimbi hulivuka kwa urahisi, isingedumu na analojia kwa muda mrefu.

Masafa yaliyobaki hayakuachwa bure. UHF ya televisheni ilikuwa kati ya megahezi 470 na 862, yaani chaneli 49. Sehemu ya juu, kuanzia megahezi 694, ilipangiwa simu za mkononi: megahezi 168, sawa na chaneli 21. Mawimbi hayo hufika mbali kuliko yale ya juu zaidi ya simu, na yanafaa kwa vijiji.

Umiliki nao ulibadilika. Zamani kituo kilikuwa na mtambo wake. Katika dijitali kituo hutengeneza vipindi, na kampuni nyingine yenye leseni huvibeba pamoja na vya wenzake. Nchini Kenya mvutano juu ya jambo hilo ulifika Mahakama ya Juu mwaka 2014, na Februari 2015 vituo vikubwa vya binafsi vikatoweka hewani kwa takriban wiki tatu. Kwa mwananchi wa kijijini suala ni jepesi zaidi kulisema: mfumo wa analojia ulimtaka anunue televisheni, basi. Anayenunua king'amuzi leo na aulize kwanza kama kinapokea DVB-T2, mfumo uliotangazwa mwaka 2009 unaobeba biti kwa karibu nusu zaidi. King'amuzi cha DVB-T pekee hakiwezi kuusoma, hata kiwekwe chini ya mnara.

Mazoezi

1. Nyumba ina kilima mita 900 nyuma yake. Katika mfumo wa PAL, kivuli kingesogea kwa sehemu gani ya upana wa kioo? Je, muda wa kinga wa mikrosekunde 28 unatosha kukiondoa?

2. Kisiwa kiko kilomita 35 kutoka mnarani, na kati yake ni maji matupu. Antena ya kisiwani ina mita 4 juu ya maji. Tafuta urefu mdogo kabisa wa mnara unaoweza kukifikia. (Jibu: mita 42 hivi.)

3. Kwa ramani ya kontua ya kipimo cha 1:50,000, chora umbo la nchi kutoka kilima kilicho karibu na shule yako hadi shuleni. Weka mlingoti wa mita 30 juu ya kilima, vuta mstari ulionyooka, kisha taja ni nyumba zipi zilizo kivulini. Mahali pa kuweka mtambo mdogo wa kuziangaza panaweza kuonekana kwenye mchoro huo huo.